Namna ya kumfuatilia askari wa Gurkha kutoka maandishi ya nyuma ya picha

Babu yangu mzaa mama alikuwa askari wa Keya (King's African Rifles, jeshi la mkoloni Mwingereza Afrika Mashariki), batalioni ya 46, ya Tanganyika. Alirudi Muheza kutoka Burma na blanketi, kikombe cha bati na picha moja. Pichani amesimama na kijana mfupi mwenye kifua kipana na kofia ya ukingo mpana iliyolalia upande mmoja. Nyuma pameandikwa kwa penseli "Rfn", kisha jina la kwanza lililofutika, kisha "Gurung 4/8 G.R." Babu alimwita yule kijana Gurika, yaani Mgurkha, mmoja wa askari wa Nepal waliotumikia jeshi la Waingereza. Alituambia kwamba walikunywa chai pamoja ng'ambo ya mto mkubwa, na kwamba Gurika alikuwa akicheka hata mvua ikinyesha. Zaidi ya hapo hakusema.

Wajukuu wa Keya tuko wengi, na picha za namna hii zimelala kwenye masanduku ya nyumba nyingi, kuanzia Songea hadi Gulu. Mimi ilinichukua miaka kuisoma ya kwangu. Naeleza hapa njia niliyoipita ili wewe usizunguke kama nilivyozunguka.

Anza na mkwaju

Usianze na jina, anza na "4/8", penye alama ya mkwaju (/). Tarakimu iliyo kabla ya mkwaju ni batalioni, iliyo baada yake ni rejimenti. Kwa hiyo 4/8 G.R. ni batalioni ya nne ya rejimenti ya nane ya Gurkha. Ukizigeuza utamtafuta mtu kwenye jeshi la watu wengine kabisa.

Aliyezoea namba za Keya atauelewa mfumo huu haraka, maana ni uleule. Rejimenti ya Tanganyika ilikuwa ya 6. Vita vilipopamba moto ikazaa batalioni nyingine, zikaandikwa 2/6, 3/6, 4/6, na baadaye mkwaju ukaondolewa zikawa 26, 36, 46. Babu yangu wa "46" hakuwa wa batalioni ya arobaini na sita. Alikuwa wa batalioni ya nne ya rejimenti ya sita. Wagurkha wao waliuacha mkwaju mahali pake.

Tarakimu ya kwanza inakupa pia kipindi. Tangu mwanzo wa karne ya 20 rejimenti za Gurkha zilikuwa kumi, na wakati wa amani kila moja ilikuwa na batalioni mbili. Ukiona 3 au 4 kabla ya mkwaju, huyo ni mtu wa wakati wa vita. Katika vita vya pili Wagurkha walifika batalioni zipatazo 40, na wanaume karibu 250,000 walipita humo. Nepal ni nchi ndogo. Kila ninapoiona hesabu hiyo huwaza vijiji vilivyobaki na wanawake, wazee na watoto.

Ukisoma "11 G.R." kwenye picha ya mwaka 1944, rudia kusoma. Rejimenti ya 11 iliundwa 1918 ikavunjwa 1922, na India ikaiunda upya 1948. Katikati haikuwepo. Huenda ni 1/1 iliyopauka mkwaju. Na ukikuta karatasi za karne ya 19, tarakimu za wakati ule zinaweza kuwa tofauti na za baadaye: rejimenti ya 6, kwa mfano, iliwahi kuitwa ya 42.

Kisha jiulize ametoka mlima upi

Gurkha si kabila. Neno limetokana na Gorkha, mji wa milimani ambako ufalme wa Prithvi Narayan Shah ulianzia kabla ya kuiunganisha Nepal. Waingereza walipigana na Nepal kuanzia 1814 hadi 1816, wakaona ugumu wa wale watu, na vita vikiwa bado havijaisha, mwezi wa Aprili 1815, wakaanza kuwaandikisha. Vikosi vya mwanzo viliitwa Nasiri, Sirmoor na Kumaon. Ndivyo vilivyokuja kuwa rejimenti ya 1, ya 2 na ya 3.

Kila rejimenti ilichota watu upande wake. Za 7 na 10 zilichukua Warai na Walimbu wa mashariki. Ya 9 ilichukua Wachhetri na Wathakuri. Nyingine zilichukua zaidi Wamagar na Wagurung, watu wa milima ya katikati na magharibi. Sasa linganisha na jina: Gurung ndani ya rejimenti ya 8 ni jambo la kutegemewa, kwa hiyo maandishi ya picha yetu yanapatana. Ukikuta Limbu ndani ya rejimenti ya 9, simama kwanza uhakikishe umesoma sawasawa.

Mpango huu wa kuchagua "makabila ya vita" ulikuwa wa mkoloni, na huku kwetu aliutumia vilevile, akiamua nani kazaliwa askari na nani kazaliwa mbeba mizigo. Utumie kama ramani ya kutafutia mtu. Usiuamini kama maelezo ya mtu. Ndiyo maana pia siandiki hapa hadithi ya khukuri ambayo eti hairudi alani mpaka ionje damu. Ni uongo. Kwao khukuri ni kama panga kwetu: inakata kuni, inachinja mbuzi, inafyeka njia.

Angalia kofia na cheo

Ikiwa picha iko wazi, sogeza kioo cha kukuzia kwenye beji. Khukuri mbili zilizopishana pamoja na tarakimu ndiyo alama iliyoenea zaidi. Manyoya matatu ni ya rejimenti ya 2. Baragumu iliyosukwa na khukuri moja ni ya 10.

Vyeo vimefupishwa. Rfn ni askari wa kawaida, Nk ni naik (koplo), Hav ni havildar (sajenti), halafu Jem ni jemadar na Sub ni subedar. Hapa Mswahili ajihadhari, maana kwetu jemadari ni mkuu wa majeshi. Kwao jemadar alikuwa ofisa wa ngazi ya chini, chini ya subedar, na wote wawili chini ya Mwingereza yeyote mwenye nyota begani. Nishani nazo zina mtego. Kabla ya 1911 askari mzawa wa jeshi la India hakuruhusiwa kupewa Victoria Cross, nishani ya juu kabisa ya ushujaa ya Uingereza, hata angefanya nini, kwa hiyo herufi I.O.M. (Indian Order of Merit) kwenye karatasi ya 1900 zilikuwa heshima ya juu kabisa aliyoweza kuifikia. Mgurkha wa kwanza kuipata Victoria Cross ni Kulbir Thapa wa 2/3, kwa alichokifanya Ufaransa Septemba 1915.

Fuata batalioni, mtu atafuata

Askari wa kawaida haandikwi katika historia, batalioni yake ndiyo huandikwa. 4/8 ilikuwa katika Divisheni ya 7 ya India, na divisheni hiyo ilivuka mto Irrawaddy katikati ya Februari 1945. Siku hizohizo Brigedi ya 28 ya Afrika Mashariki, iliyokuwa na batalioni ya 46 ya babu, ilikuwa ukingo wa magharibi wa mto huo ikiwavuta Wajapani waamini kwamba uvukaji mkubwa ungefanyika kwingine. Nilipoziweka ramani mbili pamoja mezani, mikono ilinitetemeka. "Mto mkubwa" wa babu ulikuwa na jina.

Usiku wa kuamkia tarehe 13 Mei 1945, huko Taungdaw, kijana mwingine wa 4/8, Rfn Lachhiman Gurung, aliokota maguruneti mawili ya adui akayarudisha. La tatu likamlipukia mkononi. Akaendelea kupakia na kufyatua bunduki kwa mkono wa kushoto kwa saa nne. Asubuhi Wajapani 31 walihesabiwa wamekufa mbele ya nafasi yao. Alipewa Victoria Cross.

Unaweza kufikiri nilivyotamani. Gurung, 4/8, Rfn, mto uleule! Nilikaribia kuwatangazia ndugu zangu kwamba babu alikunywa chai na shujaa. Usifanye hivyo. Gurung ni jina la jamii nzima, na ndani ya batalioni moja walikuwa mamia. Wingi wa majina yanayofanana ndio uliofanya maofisa wawaite kwa tarakimu za mwisho za namba zao za jeshi.

Mtego wa Tanga

Nyumbani kwetu watu husema Wagurkha walipigana hapa Novemba 1914, katika vile vita vya nyuki, jeshi la Waingereza kutoka India lilipowashambulia Wajerumani. Ni kweli, lakini ukiwatafuta kwenye rejimenti kumi za Gurkha hutawaona. Walikuwa ndani ya Kashmir Rifles, jeshi la Maharaja wa Jammu na Kashmir, wamechanganyika na Wadogra, watu wa Jammu. Walikuwa miongoni mwa wachache walioingia mjini huku sehemu kubwa ya jeshi lao ikirudi nyuma. Baadhi yao walipigana tena Jasin Januari 1915. Kwa hiyo kama karatasi yako haina "G.R." usikate tamaa: Wagurkha walitumikia pia Kashmir Rifles, Assam Rifles na polisi wa kijeshi wa Burma. Walioanguka hapa utawatafuta kwenye makaburi ya kumbukumbu ya Tanga.

Jua pa kupeleka barua

Hapa ndipo nilipopoteza mwaka mzima. Nilidhani Gurkha ni wa Uingereza, nikaandika huko. Makubaliano ya Novemba 1947 kati ya Uingereza, India na Nepal yaligawa rejimenti: za 2, 6, 7 na 10 zikaenda Uingereza, za 1, 3, 4, 5, 8 na 9 zikabaki India. Zile nne za Uingereza ziliunganishwa tarehe 1 Julai 1994 kuwa Royal Gurkha Rifles. Kwa hizo, anza na makumbusho ya Wagurkha yaliyopo Winchester. Za India bado zipo, ila zinaandikwa Gorkha.

Vituo vya mafunzo vya India vina majina yanayojieleza ukijua siri yake. Kituo cha 14 kiko Subathu, cha 39 kiko Varanasi, cha 58 kiko Shillong. Usisome hamsini na nane. Soma tano na nane: hapo ndipo nyumbani kwa rejimenti ya 5 na ya 8. Vivyo hivyo 14 ni ya 1 na ya 4, na 39 ni ya 3 na ya 9.

Kabla ya barua yoyote, tafuta bure kwenye orodha ya tume ya makaburi ya vita ya Jumuiya ya Madola. Waliokufa Burma bila kaburi linalojulikana wameandikwa kwenye mnara wa Rangoon, huko Taukkyan, watu wapatao 27,000, na majina ya askari wetu wa Afrika yamo pamoja na yao. Usipomwona mtu wako, shukuru: huenda alirudi kwao.

Na picha yenyewe usiiguse kwa kalamu, wala usiipake kitu ili "ing'ae". Zima taa ya juu, washa tochi, ilaze karibu na meza ili mwanga upite juu ya karatasi kwa ubavu, kisha piga picha kwa simu. Penseli huacha mfereji hata ikifutika. Nilipofanya hivyo yalitokea mabaki ya jina la kwanza, likiishia na "bahadur", ambalo wanaume wengi wa Nepal wanalo. Lakini chini yake, mahali ambapo miaka yote sikuwa nimeona kitu, zilitokea tarakimu za namba yake ya jeshi. Nimeziandika kwenye barua pamoja na jina na "4/8", nikaweka nakala ya picha pande zote mbili, na mwezi uliopita nimeituma Shillong.