Somo: Matairi mapya bila kumwaga pesa

Ndugu zangu madereva, miaka michache iliyopita nilinunua matairi manne katika duka moja hapa Kampala. Yalikuwa yanang'aa, vinyweleo vya mpira bado vimesimama, na muuzaji alinipunguzia bei mpaka nikamshukuru. Miezi saba baadaye nilikuwa narudi kutoka Gulu na mke wangu na watoto. Tulikuwa tumepita Karuma, hatujafika daraja la Kafu, tairi la nyuma la kushoto likavua ngozi yake yote. Mungu alitusimamia, gari halikutoka barabarani. Nilipoliinamia kutafuta kilichotokea, ndipo kwa mara ya kwanza nikasoma zile tarakimu nne za ubavuni. Tairi nililouziwa kama jipya lilikuwa limekaa miaka saba tangu litoke kiwandani.

Yale matairi yalikuwa ya bei nafuu kuliko yote niliyowahi kununua, na ndiyo yaliyonigharimu zaidi. Ndiyo maana nawaomba msome somo hili kabla ya kwenda kulipa, hata kama gari lenu ni la kupelekea watoto shule tu.

Hatua ya 1: Yasome matairi ya zamani kwanza

Wengi hukimbilia dukani. Mimi nasema chuchumaa kwanza, maana tairi lililokwisha linakueleza kilichokula pesa yako, na kama hujakitibu kitakula na jipya.

Kashata, yaani ule mpira wenye mifereji unaogusa barabara, zikiisha pembeni zote mbili huku katikati bado nzuri, umekuwa ukiendesha na upepo mdogo. Zikiisha katikati tu, upepo umezidi. Zikiisha upande mmoja, hasa wa ndani ambako hupaoni mpaka ukate usukani, alaimenti (mpangilio wa magurudumu) imetoka, na kwa mashimo yetu haya hutoka upesi. Tairi likiliwa kwa mabaka, hapa bonde hapa kilima, angalia shokapu na bushi (vipande vya mpira kwenye viungo vya chini ya gari). Pitisha kiganja polepole juu ya kashata, kwenda na kurudi: ukihisi makali upande mmoja kama ya msumeno, hiyo pia ni alaimenti.

Nimewaona watu wakinunua matairi mapya mara mbili kwa mwaka mmoja wakilaumu kiwanda, kumbe ni boljointi (kiungo cha gurudumu) iliyolegea. Itengeneze kwanza. Ni gharama, najua, lakini bila hiyo unanunua matairi ya kusaga.

Angalia pia kama kweli yamekwisha. Ndani ya mifereji kuna vijiti vidogo vya mpira, na ubavuni vimeonyeshwa kwa herufi TWI au pembetatu ndogo. Vina kimo cha milimita 1.6. Kashata zikilingana navyo, tairi limekufa. Kwa mvua zetu za Aprili na Novemba mimi sisubiri zifike hapo. Zikibaki milimita 3 naanza kutafuta pesa.

Hatua ya 2: Jua namba zako kabla ya muuzaji kukuambia

Chukua Toyota Wish, mara nyingi utakuta 195/65R15 91H. Upana ni milimita 195. Kimo cha ubavu ni asilimia 65 ya upana huo. Rimu ni inchi 15. Ile 91 ni namba ya uzito: tairi moja linabeba kilo 615. H ni mwendo, kilomita 210 kwa saa. Huna haja ya kukimbia hivyo, wala usilipe zaidi kwa ajili ya V ya kilomita 240 kama gari lako halikuja nayo. Lakini namba ya uzito usiishushe kamwe.

Muuzaji akikosa saizi yako atakwambia, "Ssebo (bwana), hii 205 inaingia bila shida." Kuingia itaingia. Ila 205/65R15 ni nene zaidi: mzunguko wake unazidi kwa asilimia 2, geji ya mwendo inadanganya, na usukani ukikatwa mpaka mwisho linaweza kusugua. Nenda duka la pili.

Hatua ya 3: Tarakimu nne

Hapa ndipo nawaomba mtulie. Tafuta herufi DOT ubavuni. Mwisho wa mstari huo, mara nyingi ndani ya kiduara cha yai, kuna tarakimu nne. Mbili za kwanza ni wiki, mbili za mwisho ni mwaka. 2319 maana yake wiki ya 23 ya mwaka 2019.

Ukiiona DOT bila tarakimu hizo, usiondoke. Mara nyingi tarehe huandikwa upande mmoja tu, mwombe aligeuze. Soma yote manne, lile la juu lililopangwa kwa kuonyeshwa lisikutosheleze. Mimi huenda na tochi ya simu, na sioni haya.

Mpira huzeeka hata ukiwa dukani, na jua huuzeesha haraka zaidi. Lililokaa mwaka mmoja au miwili kivulini halina neno. Likifika mitatu, omba bei ishuke. Zaidi ya hapo, mimi nanyamaza na kuaga. Na yale yanayopangwa barazani juani kutwa nzima siyagusi, hata tarehe ikiwa ya juzi.

Hatua ya 4: Igawe bei kwa kilomita

Tuseme tairi moja ni shilingi 180,000 na linakaa kilomita 25,000. Jingine ni shilingi 280,000, linakaa kilomita 50,000. La kwanza linakula shilingi 7.2 kwa kila kilomita, la pili shilingi 5.6. Kwa matairi manne, ukifika kilomita 50,000 yule wa bei rahisi amenunua seti mbili na ametoa shilingi 320,000 zaidi, bila kuhesabu kufungisha mara ya pili.

Utajuaje litakaa muda gani? Uliza madereva wa spesho, zile teksi za kukodi, wanaoendesha gari kama lako, hao wanahesabu kilomita kama wanavyohesabu nauli. Baadhi ya matairi yameandikwa TREADWEAR na namba: 400 kwa kawaida hudumu kuliko 200. Namba hiyo hutolewa na kiwanda chenyewe, kwa hiyo itumie zaidi kulinganisha matairi ya kampuni moja. Pembeni yake kuna TEMPERATURE: A ndiyo inayostahimili joto zaidi, kisha B, kisha C. Kwa safari ndefu za mchana, tafuta A.

Sisemi lazima ununue jina kubwa. Yapo ya katikati yanayofanya kazi vizuri sana. Nachosema ni kwamba bei ya chini kuliko zote ina sababu, na kazi yako ni kuijua sababu hiyo kabla ya kulipa.

Hatua ya 5: Kupatana

Pita angalau maduka matatu, soko la Kisekka hapa Kampala ukitaka, au popote ulipo: Mbale, Mbarara, Arua. Kila mahali uliza bei kamili: tairi, kufunga, valvu mpya, balansi (kusawazisha uzito wa gurudumu). Duka lenye bei ndogo mlangoni huweza kuwa ghali ukishatoka. Uliza pia kama VAT ya asilimia 18 imo. Tairi la 250,000 likiongezwa VAT ni 295,000. Hiyo si tofauti ya kusahaulika.

Risiti ya EFRIS, ile ya kielektroniki ya mamlaka ya kodi, ichukueni. Nami siku ile ningekuwa na risiti ningerudi kudai haki yangu. Nilikuwa na kikaratasi kisicho na jina la duka. Mwambie muuzaji aandike saizi na tarehe za DOT.

Kama mko watano mnaoendesha gari za saizi moja, nendeni pamoja. Mtu anayetaka matairi ishirini husikilizwa tofauti na anayetaka mawili. Na msisubiri tarehe 23 Desemba mkiwa na mizigo ya kijijini garini. Mwenye haraka hapunguziwi.

Hatua ya 6: Siku ya kufunga, na baada yake

Usimwachie fundi gari ukaenda kula. Hakikisha yanayofungwa ndiyo uliyoyachagua, na valvu ni mpya. Balansi ifanywe papo hapo, kisha alaimenti.

Upepo pima kila wiki mbili, asubuhi tairi likiwa baridi. Kipimo kiko kwenye kibandiko cha fremu ya mlango wa dereva. Gari za Japani mara nyingi huandika kwa kPa: ukiona 220, igawe kwa 6.9 upate takriban psi 32. Kila kilomita 10,000 badilisha ya mbele na ya nyuma. Yenye mshale ubavuni yabaki upande ule ule.

Maswali ya wanachama

Mama wa Bweyogerere: Kaka, matairi ya mtumba ni nusu ya bei na kashata bado ndefu. Kwa nini nisinunue?

Dada yangu, kashata ndefu zinaweza kukudanganya. Hujui kama liliwahi kugonga ukingo, kuzibwa vibaya au kuendeshwa bila upepo, na madhara hayo hujificha ndani. Halafu tazama kama limeandikwa STUDLESS, au lina picha ya mlima na theluji. Hayo mara nyingi ni ya baridi ya Japani. Mpira wake ni laini ili ushike kwenye barafu, na kwenye lami yetu ya moto unaisha kama sabuni. Gari nyingine hufika nayo kutoka bandarini, kwa hiyo hata aliyenunua gari juzi aangalie.

Dereva wa taksi, Masaka: Mzee, Hiace yangu nimeambiwa naweza kuvaa matairi ya gari dogo ya inchi 15, ni rahisi. Ni kweli?

Hapana, ndugu yangu. Hiace huvaa yenye herufi C, ya magari ya kazi, kama 195R15C yenye 106/104. Hiyo 106 ni kilo 950 kwa tairi. Lile la 91 ni kilo 615, yaani manne ni kilo 2,460, na gari tupu peke yake limeshakula sehemu kubwa ya hizo. Ongeza abiria 14, wewe, ndizi na magunia juu. Litapasuka, na litapasuka ukiwa na watu wa wenyewe. Hapo usitafute unafuu.

Mwalimu, Soroti: Nina pesa ya mawili tu. Niyafunge mbele?

Yafunge nyuma, mwalimu, hata kama gari linavuta kwa mbele. Kwenye maji, nyuma ikiteleza gari linajizungusha na huwezi kulirudisha. Mbele ikiteleza unapunguza mwendo na mara nyingi linarudi. Yale yenye nafuu ya zamani yaende mbele. Ila kama gari lako linavuta miguu yote minne, jikaze ununue manne yanayolingana, maana tofauti ya ukubwa inaumiza difu, ile gia inayogawa nguvu kwa magurudumu.

Dereva wa Ndeeba: Kuna vijana wanachonga kashata upya kwa bei ndogo. Vipi?

Wanachonga mpira mwembamba uliobaki kufunika nyaya. Baadhi ya matairi ya lori hutengenezwa kwa kuchongwa na huandikwa REGROOVABLE. La gari dogo likichongwa, umelipa kwa ajili ya ajali.

Afande wa Jinja: Nimeambiwa nilipie naitrojeni badala ya upepo wa kawaida.

Afande, upepo tunaovuta tayari ni naitrojeni kwa asilimia 78. Ukipewa bure chukua. Pesa hiyo nunua geji yako mwenyewe.

Mzee wa Bombo: Baada ya kusoma nimekwenda kuangalia spea tairi ya gari yangu ya zamani. Nimeona tarakimu tatu tu, si nne. Imefutika?

Haijafutika, mzee wangu. Tarakimu tatu ndivyo walivyoandika kabla ya mwaka 2000. Tairi hilo lina zaidi ya miaka ishirini, hata kama halijawahi kugusa barabara. Litoe leo. Na kabla ya kulitupa, likate ubavu kwa kisu, asije mtu akaliokota na kulifunga kwenye gari lake.