SOMO: Kuchapa majani kwa jua ukiwa safarini, ili picha isifutike ukiosha

Wakuu habari zenu. Naandika hili somo mara moja ili kila anayeuliza nimwelekeze hapa, maana swali ni lile lile kila siku, mtu anatuma picha ya karatasi iliyopauka anasema "mbona ilikuwa nzuri juani, nimeosha ikafutika?"

Naongelea sayanotaipu, yani unapaka karatasi dawa yenye chuma, unalaza majani juu yake, unaiweka juani, unaosha kwa maji, unabaki na umbo jeupe la jani kwenye buluu iliyokolea. Warsha zake wasafiri wanazikuta kwenye bustani za mimea, makumbusho, hata kwa msanii mmoja mwenye meza na beseni zake, na kwa kuwa ni kazi ya masaa mawili matatu watu wanajiunga wakiwa matembezini. Tatizo muda ni mfupi, mwalimu ana watu wengi, na ile hatua inayoamua picha itoke au isitoke inapitiwa haraka haraka. Hiyo ni hatua ya 7, ukikosa muda wa kusoma yote basi soma hiyo.

1. Kabla hujalipa uliza kama mtapaka karatasi wenyewe au mtazikuta zimeshapakwa, na jua likipotea wana taa ya urujuanimno (UV, ile miale ya jua isiyoonekana kwa macho, ndiyo inayofanya kazi kwenye dawa) au mnarudi kesho. Ukiweza kuchagua muda, chukua kati ya saa nne asubuhi na saa nane mchana.

2. Vaa nguo usiyoionea huruma, na glavu. Dawa ikikudondokea huioni, utaiona baadaye ikiwa doa la buluu.

3. Majani. Hapa usiokote tu chochote. Jani nene na pana linakupa umbo lake la nje basi, ndani hakuna kitu, ni jeupe tupu. Tafuta yaliyochanwa chanwa kama kangaga, majani ya karoti, nyasi zenye mbegu, manyoya ya ndege, mwani mwembamba. Petali nyembamba ni nzuri sana kwa sababu mwanga unapita kidogo, unapata buluu ya kati, siyo nyeupe na buluu tu. Yachume siku moja kabla, uyabane ndani ya kitabu kizito usiku kucha, yalale bapa na yapungue maji, kwa sababu jani bichi likipata joto la jua chini ya kioo linatoa jasho na jasho linaacha madoa. Na uliza kabla ya kuchuma, kwenye hifadhi na bustani nyingi hairuhusiwi hata jani moja.

4. Kuchanganya dawa. Warsha nyingi unakuta wameshachanganya, ila kwa wanaotaka kujua: feriki amonia sitrati gramu 25 kwenye maji mililita 100, chupa nyingine potasiamu ferisianidi gramu 10 kwenye maji mililita 100, halafu unachanganya kiasi sawa kwa sawa. Zikiwa kila moja na chupa yake zinakaa muda mrefu, ukishachanganya tumia siku hiyo hiyo.

5. Paka mbali na dirisha, taa ya kawaida ya chumbani isiyo kali haina shida. Pitisha brashi kwa mlalo kisha kwa wima, nyembamba, kusiwe na vidimbwi. Kausha gizani, na ikauke kweli kweli.

6. Panga majani, weka kioo juu, ubao chini, bana kwa vibanio pande zote. Jani likiinuka hata kidogo ukingo wake utatoka na ukungu.

7. JUANI. Hapa ndo picha nyingi zinapofia, na zinafia kwa sababu ya macho. Karatasi ikiingia juani ina rangi ya njano yenye ukijani. Ndani ya dakika chache inageuka kijani cha bahari, halafu inakuwa buluu iliyokolea, inapendeza, na kila mtu mezani anashangilia, anatoa yake anaipeleka majini. Hapo bado! Hiyo buluu unayoiona bado ni kidogo, na dawa ambayo haijafanya kazi itaondoka na maji, picha inabaki imepauka. Iache. Itapita kwenye buluu, itaanza kuwa ya kijivu, kijivu chenye mng'ao kama shaba iliyochakaa, utaona kama imeungua na imeharibika, na hapo ndo imeiva. Ukiiosha ule ukijivu utaondoka na buluu itarudi. Kwenye jua kali la mchana mara nyingi ni dakika 5 hadi 15, kukiwa na wingu inaweza kuzidi mara mbili tatu ya hapo, lakini hizo dakika ni za kukuambia uanze kuangalia lini, siyo uitoe lini. Unaangalia rangi ya ukingo, ile sehemu ya karatasi isiyofunikwa na jani.

Tahadhari. USIFUNUE kioo kuchungulia, jani likisogea unapata jani mbili. Usiweke sehemu ambayo kivuli cha mti au cha ukuta kitaifikia kabla haijaiva, angalia kwanza jua linaelekea wapi. Inamisha fremu ilitazame jua uso kwa uso, ikilala chini wakati jua liko pembeni kila bua linarefusha kivuli chake na mistari inatoka minene. Na kama warsha inakupa karatasi zaidi ya moja, ya kwanza ifanye ya majaribio: funika kwa kadibodi, fungua kidogo kidogo kila baada ya dakika mbili, osha, angalia kipande kipi kimekaa vizuri. Utakuwa umelijua jua la siku ile na mahali pale.

8. Osha kwa maji ya baridi, mwanga mdogo, mpaka njano yote itoke na nyeupe iwe nyeupe kweli. Dakika 5 hadi 10, badilisha maji. Maji yakiwa ya chumvi chumvi, yale yanayokataa povu la sabuni, tia siki kidogo sana kwenye beseni la kwanza. Sabuni hapana.

9. Anika kivulini. Buluu itaendelea kukolea yenyewe kwa siku moja mbili kwa sababu ya hewa. Wenye haraka wanatia haidrojeni peroksaidi ya duka la dawa matone machache kwenye maji ya mwisho, inakolea hapo hapo, ila matokeo ya mwisho ni yale yale.

Maswali karibuni.

MASWALI YA WADAU

Swali: Somo zuri mkuu ila hujasema inakaa juani dakika ngapi.

Jibu: Hatua ya 7.

Swali: Mi nimefuata kila kitu na bado imepauka, nadhani ile warsha dawa zao zilikuwa feki.

Jibu: Uliitoa ikiwa na rangi gani?

Swali: Buluu nzuri tu, ilikuwa imependeza.

Jibu: Basi hukufuata kila kitu mkuu. Usiwatupie watu lawama ya dawa wakati hukusubiri ikawa kijivu. Dawa ikiwa mbovu kweli unaiona kabla ya jua, karatasi iliyopakwa inakuwa tayari imeshakuwa buluu au kijani ikiwa bado gizani. Kama yako ilikuwa ya njano ilipotoka kwenye mfuko, dawa ilikuwa nzima.

Swali: Naomba kuelewa, kwa nini inageuka buluu halafu inapita inakuwa kijivu halafu inarudi tena? Inafanyika nini mle ndani?

Jibu: Asante kwa hili swali, nilikuwa nalisubiri. Ile sitrati ina chuma cha hali ya feriki. Mwanga wa urujuanimno ukiipiga, feriki inapokea elektroni inakuwa ferasi, na ferasi ikikutana na ferisianidi wanaungana wanakuwa buluu ya Prusia, ambayo haiyeyuki kwenye maji. Chini ya jani mwanga haukufika, kwa hiyo dawa imebaki vile vile inayeyuka, maji yanaichukua, unaona weupe wa karatasi. Sasa jua likiendelea, sehemu ya ile buluu yenyewe inapokea elektroni zaidi inapoteza rangi, ndo ule ukijivu. Ukiitia majini na hewani oksijeni inairudisha kuwa buluu. Kwa hiyo ukijivu ni dalili kwamba buluu imetengenezwa ya kutosha mpaka imezidi. Aliyegundua njia hii ni mwanasayansi John Herschel, Uingereza, 1842. Mwaka uliofuata Anna Atkins, mwanamama Mwingereza mtaalamu wa mimea, akaanza kuchapa mwani kwa njia hii hii, akalaza mwani wenyewe juu ya karatasi, akatoa kitabu kwa mafungu ambacho wengi wanakihesabu kuwa kitabu cha kwanza duniani kuwa na picha za mwanga. Na ramani za majengo za zamani, zile za mistari myeupe kwenye buluu, ni dawa hizi hizi. Kwa hiyo ukilaza kangaga pale mezani unafanya kile kile alichofanya yule mama, hakuna kilichoongezeka.

Swali: Kaka nisaidie, nimesikia ina sayanidi na ninataka kwenda na mwanangu wa miaka 8. Ni salama?

Jibu: Dada nenda naye. Kwenye ferisianidi ile sayanidi imeshikwa na chuma kwa nguvu sana, sumu yake ni ndogo. Cha kukataa kabisa ni kuichanganya na asidi kali au kuipasha moto, hapo ndo inaweza kutoa gesi mbaya. Siki kidogo kwenye beseni la kuoshea siyo asidi kali, hilo usiogope. Mtoto avae glavu, asile wala asilambe vidole pale mezani, na vyombo vya dawa visirudi jikoni. Ukiona bado una wasiwasi chagua warsha ambayo karatasi zinakuja zimeshapakwa na kukauka, mtoto anabaki na kazi ya majani na maji, ambayo ndo anaipenda.

Swali: Mvua ilinyesha tukaweka dirishani kwa ndani. Inafaa?

Jibu: Inafaa, kioo cha kawaida kinapitisha sehemu kubwa ya miale inayohitajika ila inachelewa. Kioo cha mbele cha gari hapana, kinazuia. Na plastiki za fremu za picha angalia, nyingine zimetengenezwa kuzuia urujuanimno, utakaa mpaka jioni.

Mdau: Naongezea, ukichoka na buluu loweka picha iliyokwisha kauka kwenye chai ya rangi nzito, inakuwa buluu nyeusi. Mimi napenda zaidi hivyo.

Jibu: Kweli kabisa, ni tanini inashika kwenye chuma. Ila karatasi nyeupe nayo itapata uchai chai, kwa hiyo jaribu kwenye ile ya majaribio kwanza.

Swali: Tulichapa kwenye tisheti, nimefua mara moja imegeuka njano njano. Nirudishiwe hela?

Jibu: Ulifua na nini?

Swali: Sabuni ya unga ya kawaida na jiki kidogo.

Jibu: Hapo hakuna wa kukurudishia. Magadi, sabuni kali na jiki zinavunja hii buluu, na haitarudi. Fua kwa mkono, maji ya baridi, sabuni laini isiyo na magadi, anika kivulini.

Swali: Na ile ya ukutani imefifia kwa jua la dirishani, nayo imekufa?

Jibu: Hapana, hiyo ni tofauti. Iweke gizani kwenye hewa siku kadhaa, itarudi sehemu kubwa. Ukiirudisha ukutani usiitundike inapopigwa na jua.

Swali: Nasafiri wiki ijayo, naweza kubeba karatasi zilizopakwa kwenye ndege? Na majani yangu nirudi nayo?

Jibu: Karatasi ndiyo, mfuko mweusi usiopitisha mwanga, ndani ya bahasha ngumu. Mashine za ukaguzi hazina shida, hii dawa ni nzito kuamka. Shida ni mkaguzi akitaka kufungua, kwa hiyo andika juu ya mfuko kwamba ni karatasi ya picha isifunguliwe kwenye mwanga, na ubebe kipande kimoja cha kumwonyesha. Majani yaache. Nchi nyingi zinazuia mimea kuingia bila cheti cha afya ya mimea, hata iliyokauka, na jani lako tayari unalo kwenye karatasi.