Somo: Umekuta mikanda ya filamu stoo kwa babu? Usiicheze kwanza

Wakuu, kila wiki naulizwa pembeni swali lilelile. Nalibandika hapa, tusisumbuane tena.

1. Nawa mikono, kausha. Shika mkanda kingoni tu.

2. Fungua kopo, unuse. Ukisikia siki, asetati (plastiki ya mkanda) imeanza kuoza. Kopo hilo litenge, mvuke wake unaharibu mengine.

3. Soma maandishi ya ukingoni. Milimita 35 isiyo na neno SAFETY, hasa ya kabla ya 1951, ihesabu kuwa nitrati, aina ya zamani inayoshika moto upesi. Ikishika moto inawaka hata ndani ya maji. Iache, ita wataalamu.

4. USIIWEKE KWENYE PROJEKTA. Hapa ndipo nilipochemka. Ilikuwa harusi ya shangazi, milimita 8, na hamu ilinishinda. Mkanda mzee husinyaa, matundu yake hayakai tena kwenye meno ya mashine. Nikasikia tatatata, nikadhani ndiyo sauti yake. Kuzima, chini pamejaa vipande kama pumba za mpunga, na shangazi kaishia mlangoni. Kwa hiyo pima: laza mkanda mpya sambamba na wa zamani, hesabu matundu 100. Wa zamani ukipungua tundu zima, umesinyaa asilimia 1. Tafuta skana isiyotumia meno.

5. Hifadhi pakavu penye baridi, si chini ya bati.

MASWALI

— Mkuu, nimeweka kwenye projekta umekatika, nifanyeje?
— Soma namba 4.
— Nilipitia haraka haraka.
— Ndivyo ulivyokatika.

— Stoo imeingia maji. Nianike juani?
— Hapana! Ukikaukia kwenye gurudumu unagandana. Uzamishe kwenye ndoo ya maji safi ya baridi, uupeleke maabara ya filamu hivyohivyo.

— Kwa nini filamu za mwanzo zimebaki chache?
— Umeuliza la maana. Nyingine waliziua wenyewe. Mfaransa Georges Méliès alitengeneza zaidi ya 500, na 1923 akachoma negativu zake (mikanda mama ya kutolea nakala) kwa mkono wake. Kabla ya hapo, wakati wa Vita vya Kwanza, nakala zake nyingi ziliyeyushwa, zikawa visigino vya viatu vya askari. Tunazoziona leo zimeokolewa na nakala zilizokuwa zimeshatawanyika kwingine.

— Na za kwetu?
— Kulikuwa na mradi wa kutengeneza filamu Vugiri, Usambara, 1935 hadi 1937. Filamu za milimita 16, sauti kwenye santuri kando. Zilizobaki ni za kuhesabu. Ndiyo maana nasema, ukikuta santuri sanduku moja na mkanda, usizitenganishe.

— Mkuu, zangu zilikuwa mbili. Moja watoto wanaichezea uani.
— Wanyang'anye sasa hivi.