Somo: Kuvunja namba kuwa vigawo tasa, na mahali pa kusimama

Kila muhula P.6 (darasa la sita) wakifika kwenye vigawo tasa, yaani vigawo vilivyozidi 1 na visivyogawanyika ila kwa 1 na kwa vyenyewe, napokea swali lilelile: "Mwalimu, nitajuaje kwamba nimemaliza?" Nimejibu mmoja mmoja mpaka nimechoka. Leo naandika mara moja. Atakayeuliza nitamleta hapa.

Tuvunje 5,109, ambayo ni mita za kilele cha Margherita kule Rwenzori.

1. Chora mstari wima. Namba kulia, vigawo kushoto.

2. Jaribu 2. Ni witiri, pita.

3. Jaribu 3. 5+1+0+9 = 15, inaingia. 5,109 ÷ 3 = 1,703. Jaribu 3 tena kabla ya kusonga: 1+7+0+3 = 11, haiingii.

4. 5 haiingii. 7 inabakiza 2. 11 inabakiza 9.

5. Hapa ndipo nilipoanguka. Niliandika ubaoni 3 × 1,703, nikapiga mstari chini, nikageukia darasa. Nilikuwa nimejizoesha kwamba namba iliyokataa mpaka 11 ni tasa. Msichana wa dawati la mbele hakuacha kugawanya kwenye daftari lake la miraba. Akanyoosha mkono: "Mwalimu, 13 inaingia." Kweli, 13 × 131 = 1,703, na watoto wote walikuwa wameshanakili jibu langu.

Kwa hiyo USISIMAME kwa sababu namba inaonekana ngumu. Simama pale tu kigawo unachotaka kujaribu, kikizidishwa kwa chenyewe, kinapoipita namba iliyobaki. Kwa 1,703: 41 × 41 = 1,681, bado; 43 × 43 = 1,849, imepita. Ilinipasa nijaribu namba tasa zote mpaka 41. Sababu ni kwamba vigawo huja viwili viwili, na vyote viwili vikizidi 41, zao lao litazidi 1,703. Kama vipo, kimoja lazima kiwe chini.

Sasa 131. Vya chini ya 13 vilishakataa, na 13 × 13 = 169, imepita. Basi 131 ni tasa.

5,109 = 3 × 13 × 131

6. Zidisha kurudi nyuma uhakikishe.

MASWALI

Mwanafunzi, Busia: Nipe jibu la 360 haraka.
— Hatua ya 2. Anza.

Mwanafunzi, Busia: Nimepata 4 × 9 × 10 na mwalimu wetu amenikosesha. Si zao ni 360?
— Zao ni sawa, vigawo si tasa. Mwalimu wako yuko sahihi. Vunja 4, vunja 9, vunja 10, halafu urudi.

Mwanafunzi, Busia: 2 × 2 × 2 × 3 × 3 × 5?
— Ndiyo. Andika 2³ × 3² × 5.

Mzazi, Jinja: Shikamoo mwalimu. Mwanangu alianza na 36 × 10, mimi 18 × 20, tukaishia palepale. Ni bahati?
— Marahaba mama. Si bahati, na nimefurahi mmejaribu wote wawili. Kila namba kubwa kuliko 1 ina seti moja tu ya vigawo tasa, upite njia yoyote. Gauss, Mjerumani, aliithibitisha wazi mwaka 1801. Ndiyo maana pia 1 haihesabiwi kuwa tasa: tungeikubali, 6 ingekuwa 2 × 3, pia 1 × 2 × 3, pia 1 × 1 × 2 × 3, bila mwisho.

Muuza duka, Malaba: Inanisaidia nini mimi? Trei ya mayai ni 30, kreti ya soda ni 24.
— 30 = 2 × 3 × 5, na 24 = 2³ × 3. Chukua kipeo kikubwa cha kila kimoja: 2³ × 3 × 5 = 120. Ukitaka mayai na soda ziwe sawa kwa idadi bila kufungua trei wala kreti, nunua trei 4 na kreti 5. Hiyo 120 ndiyo KDS, yaani Kigawe Kidogo cha Shirika.

Mzazi, Jinja: Kuna njia ya mkato ya 13, kama ile ya 3?
— Ipo. Toa tarakimu ya mwisho, izidishe kwa 4, jumlisha na zilizobaki. 1,703: 170 + 12 = 182. Tena: 18 + 8 = 26, na 26 ni 13 mara 2. Ya 7 ni kuzidisha kwa 2 kisha kutoa. 91: 9 − 2 = 7, basi inaingia. Mpe mtoto 91 hiyo kesho, wengi huiita tasa.