Namna ya kuandika safari ya kipa mhamaji wa ligi za Iran

Nina ugonjwa mmoja ambao ndugu zangu wameshauzoea: napenda makipa wasiojulikana, hasa wa Iran. Alireza Beiranvand, kipa nyota wa Iran, ana waandishi wake wa kutosha, simzungumzii yeye. Namzungumzia yule aliyepita klabu saba au nane, akadaka msimu mmoja mzima Abadan, akasugua benchi miwili Isfahan, akapotea, kisha akaibuka daraja la pili akiwa na miaka thelathini na nne. Nawatengenezea makipa wa namna hiyo wasifu mfupi kwenye jedwali langu, na watu wananiuliza nawezaje kupata habari zao. Nitaeleza ninavyofanya.

Jambo la kwanza: ile safu ya idadi ya mechi iache hadi mwisho. Mshambuliaji unaweza kumsoma kwa mechi na mabao. Kipa mhamaji ukimsoma hivyo utaona sifuri, tatu, sifuri, ishirini na sita, moja, utadhani alikuwa mvivu. Msome kwanza kwa mahali na mwaka. Alikuwa mji gani, kwa nini alikwenda huko, na nani alikuwa langoni kabla yake? Mechi zitajieleza baadaye.

Anza na kalenda. Iran wanatumia kalenda ya jua ambayo mwaka wake unaanza Nowruz, sikukuu yao ya mwaka mpya, tarehe 20 au 21 Machi. Ligi huanza kiangazi na kwisha mwezi wa tano au karibu na hapo, kwa hiyo msimu unavuka mwaka kwao kama unavyovuka kwetu. Msimu wanaouandika 1392-93 ndio 2013-14. Jumlisha 621 kwenye mwaka wa kwanza, basi. Kwa tarehe ya kuzaliwa uwe mwangalifu zaidi, maana kuanzia karibu tarehe 11 ya Dey, mwezi wao wa kumi, unajumlisha 622, na mtu wa mwisho wa mwaka 1370 amezaliwa mapema 1992, si 1991. Nimeona kurasa nyingi za Kiingereza zinazompa kipa mmoja miaka miwili tofauti ya kuzaliwa, na chanzo huwa hapo.

Kuna njia ya mkato ambayo magazeti ya Iran yenyewe yanakupa bila kujua. Mara nyingi hawataji mwaka, wanataja ligi ya ngapi: ligi kuu ya kumi na tatu, ya ishirini na tatu. Ligi Kuu ya sasa, inayoitwa ya Ghuba ya Uajemi, ilianza msimu wa 2001-02. Kwa hiyo chukua namba hiyo, ongeza 2000, umepata mwaka wa kuanza msimu. Ya kumi na tatu ni 2013-14. Msimu wa korona tu ndio utakaokusumbua: ule wa 2019-20 ulisimama kwa miezi kadhaa na kumalizika mwezi wa nane, na uliofuata ukaanza Novemba. Mikataba ya mwaka huo ina tarehe za ajabu.

Sasa jina la ligi lenyewe. Ukikuta imeandikwa kwamba fulani alidaka ligi ya Azadegan, usikimbilie kuandika daraja la pili. Azadegan ilianzishwa 1991, ikapewa jina hilo kuwaenzi mateka wa vita na Iraq waliorejea nyumbani mwaka 1990, na kwa miaka kumi ndiyo ilikuwa ligi ya juu kabisa. Ilipoundwa Ligi Kuu mwaka 2001, jina la Azadegan likashushwa ngazi moja na kubaki huko mpaka leo. Kipa wa Azadegan wa 1997 ni kipa wa daraja la juu; wa 2007 ni wa daraja la pili. Chini yake kuna Ligi ya Pili, ambayo kwa hesabu ni daraja la tatu, kisha Ligi ya Tatu, kisha ligi za mikoa. Tofauti kati ya jina na ngazi halisi iandike pembeni ya jedwali lako, utaihitaji kila siku.

Kuhusu maandishi. Kama ulipita madrasa, herufi karibu zote unazo tayari. Ongeza nne tu: پ چ ژ گ. Usiogope. Usichapishe jina kwa kibodi ya Kiarabu, kwa sababu kaf na ya za Kiajemi zinafanana kwa macho na za Kiarabu lakini kompyuta inaziona herufi tofauti, na utaambiwa hakuna matokeo hata kwa mtu aliyedaka mechi mia mbili. Nenda kwenye ukurasa wowote wa Iran, nakili jina kutoka huko, bandika. Weka mbele yake دروازه‌بان, yaani golikipa, ukitaka kuwaondoa wanasiasa na madaktari wenye jina hilohilo. Ukitafuta mechi ambazo hakufungwa, bandika کلین‌شیت, waandishi wao wanaliandika hivyo.

Kwa herufi za Kilatini ni vurugu tupu, kwa kuwa irabu fupi haziandikwi na kila mtu anajaza anavyosikia. Aliyewahi kulinda lango la Persepolis, klabu kubwa ya Tehran, na baadaye kucheza Mjøndalen ya Norway utamkuta kama Sosha, Sousha na Soosha Makani. Beiranvand ni Biranvand. Gholamreza ni Qolamreza. Tafuta kwa tahajia zote kabla hujasema habari hazipo.

Klabu ndizo zitakazokuchosha zaidi, na ndizo tamu zaidi. Jifunze kwanza kwamba soka la Iran limefungwa kwenye viwanda na migodi. Sepahan ni ya chuma cha Mobarakeh. Zob Ahan ni ya kiwanda kingine cha chuma, Isfahan hiyohiyo. Foolad ni chuma cha Khuzestan, Sanat Naft ni mafuta ya Abadan, Gol Gohar na Chadormalou ni madini ya chuma, na kila penye Mes jua kuna shaba: Mes Kerman, Mes Rafsanjan. Hii ina maana kwa kipa wako. Mgodi ukipata bajeti nzuri, timu ya mji mdogo kama Sirjan inaweza kumchukua kipa wa Tehran. Bajeti ikikatika, wachezaji wote wanatafuta pa kwenda ndani ya dirisha moja la usajili. Naft Tehran, ambako Beiranvand alikulia kisoka, ilishika nafasi za juu kwenye ligi, ikatwaa Kombe la Hazfi, kombe la mtoano la nchi, mwaka 2017, na mwaka uliofuata ikashuka daraja ikiwa hoi kwa madeni. Ukiona kipa ameondoka klabu ya namna hiyo, usiandike kwamba alishuka kiwango. Angalia kwanza wenzake waliondoka wangapi.

Kisha kuna klabu zinazohama na zinazobadili jina. PAS Tehran, bingwa wa Asia wa 1993, ilivunjwa 2007 na nafasi yake ligini ikapelekwa Hamedan. Kwa hiyo kipa aliyekuwa PAS 2006 na PAS 2008 huenda amefanya kazi katika miji miwili na kwa waajiri wawili. Saba ilikuwa ya Tehran, ikahamia Qom. Tabriz, mwaka 2018, Machine Sazi ilichukua nafasi ya Gostaresh Foolad. Padideh ya Mashhad iliwahi kuitwa Shahr Khodro. Na usichanganye Esteghlal ya Tehran na Esteghlal Khuzestan, wala hizo mbili na Esteghlal Ahvaz. Kuna kurasa za takwimu zinazowatupa wote kapu moja. Mimi naandika mji kando ya klabu kila mara, hata pale ambapo kila mtu anaujua.

Ukikuta Mes Sungun au Giti Pasand kwenye orodha, simama. Hizo ni klabu zilizopata sifa kwenye futsal, soka la ukumbini la watu watano, na Mes Sungun ilikuwa bingwa wa Asia wa mchezo huo 2018. Huenda una watu wawili wenye jina moja.

Nikifika kwenye jeshi ndipo huwa natulia, maana hapa ndipo wasifu mwingi unapoharibika. Kijana wa kiume wa Iran anadaiwa utumishi wa jeshi, kwa kawaida karibu miaka miwili, na asipoumaliza au kupata msamaha atapata taabu kutoka nje ya nchi. Mchezaji ana njia moja nzuri: kuutumikia ndani ya timu yenye uhusiano na jeshi. Fajr Sepasi ya Shiraz ndiyo maarufu, na Malavan ya Bandar Anzali ilizaliwa mikononi mwa jeshi la majini. Katika miaka ya 2010 Tractor ya Tabriz nayo ilipokea wachezaji kwa mtindo huo. Sasa chukua kipa wa miaka ishirini na moja, yuko kikosi cha pili cha klabu kubwa, ghafla yuko Shiraz kwa misimu miwili, kisha yuko klabu ya tatu kabisa. Ukurasa wa Kiingereza utaandika kwamba aliuzwa. Hapana, alikuwa askari. Tafuta neno سرباز, sarbaz, karibu na jina lake kwenye habari za kiangazi hicho, na mara nyingi utalikuta. (Sisi watu wa pwani tunaopenda kudai mababu wa Shiraz tungepaswa kuifuatilia Fajr zaidi kidogo kuliko tunavyofanya.)

Kwa beki au kiungo, miaka hiyo miwili si hasara kubwa. Anarudi na kupigania namba. Kwa kipa ni kitu kingine, kwa kuwa nafasi ni moja. Akiwa Shiraz, klabu yake imeshampata mwingine, na huyo mwingine akishika lango halitoki mikononi mwake mpaka aumie au auzwe. Lakini upande wa pili upo: huko Shiraz au Anzali kijana anadaka kila wiki, jambo ambalo asingelipata Tehran. Mehdi Rahmati, mmoja wa makipa wakubwa wa kizazi chake, jina lake lilianza kusikika akiwa Fajr, kisha akapita Sepahan, Mes Kerman, Esteghlal na Paykan kabla ya kumalizia Mashhad. Ukiitazama njia yake utaona kwamba hata wakubwa wanahama. Wanachowazidi wahamaji wengine ni kwamba kila wanapokwenda wanakuta lango limeachwa wazi.

Kwa sababu hiyo nina kanuni moja: usimfuatilie kipa mmoja, fuatilia mnyororo. Chora klabu za msimu huo, andika nani alikuwa namba moja, halafu tazama nani alihama kiangazi. Mwaka 2020 Beiranvand aliondoka Persepolis kwenda Antwerp ya Ubelgiji. Persepolis ikamleta Hamed Lak kutoka Machine Sazi, na kwa hatua hiyo tu lango likawa wazi Tabriz, mtu akasogea, na nyuma yake mwingine. Desemba mwaka huohuo Lak alikuwa langoni kwenye fainali ya Ligi ya Mabingwa ya Asia dhidi ya Ulsan ya Korea Kusini. Aliupangua mkwaju wa penalti wa Júnior Negrão, mpira ukamrudia mpigaji, akafunga. Persepolis ilifungwa 2-1. Miezi michache kabla ya hapo alikuwa analinda lango la timu ambayo wengi nje ya Iran hawajawahi kuisikia. Hicho ndicho mnyororo unachoweza kufanya, na takwimu za mechi peke yake haziwezi kukuonyesha.

Mnyororo huo unaingiliwa pia na wageni, ingawa si wengi. Persepolis imewahi kuwa na Nilson wa Brazil, Božidar Radošević wa Croatia na Alexis Guendouz wa Algeria. Kila mgeni anapoingia, Mwirani mmoja anashuka ngazi, na huyo ndiye wa kumtafuta.

Mishahara nakushauri uiguse kidogo. Magazeti yanasema toman, hati rasmi zinasema rial, na toman moja ni rial kumi. Ukikosea hapo umemtajirisha mtu mara kumi. Na kwa mfumuko wa bei wa Iran, kulinganisha mkataba wa 2012 na wa 2022 hakukupi chochote.

Sasa rudi kwenye ile safu ya mechi. Gawanya kila msimu mara mbili pale penye dirisha la katikati ya msimu, ambalo wao huliita nim-fasl, kwa kuwa makipa wengi wa akiba huondoka hapo. Kombe la Hazfi liweke peke yake, usilijumlishe na ligi: makocha wengi humpa kipa wa pili mechi za kombe, na kuna watu ambao msimu wao wote uko humo. Palipo na sifuri, tafuta orodha za wachezaji wa akiba kwenye ripoti za mechi, tovuti ya Varzesh3 au kumbukumbu za magazeti kama Khabar Varzeshi. Sifuri yenye benchi mechi ishirini na tano andika «akiba, benchi 25». Sifuri isiyo na benchi hata moja ni kitu kingine: ama ameumia, ama ana mgogoro wa malipo, ama alikuwa jeshini na hakuna aliyeandika. Acha nafasi wazi na alama ya kuuliza, usijaze kwa kubahatisha.

Mwisho wa safari yake usiutafute kwenye habari za kustaafu, maana kipa wa daraja la pili haitishi mkutano na waandishi. Tafuta jina lake miaka miwili mitatu mbele kwenye mabenchi ya ufundi. Rahmati alikabidhiwa timu nzima ya Shahr Khodro mwaka 2020. Kwa wengine itakuwa kocha wa makipa Ligi ya Pili, au wa vijana wa klabu ya kiwanda alichowahi kudakia. Ukimpata hapo, chukua msimu wake wa mwisho uliothibitishwa kwa orodha ya mechi, uandike, na uweke chanzo pembeni.