Namna ya kujikinga na samaki-jiwe pwani, na la kufanya ukichomwa

Bahari inapokupwa wakati wa bamvua, pwani ya mashariki ya Unguja hubaki kavu hadi karibu na ukingo wa mwamba, na watu huingia kuchokoa pweza, kuokota chaza na kushughulikia mashamba ya mwani. Ndipo mguu wa mtu unapokutana na samaki-jiwe. Jamaa yake samaki-simba ana mapezi marefu yenye mistari, kwa hiyo huonekana kwa mbali. Samaki-jiwe haonekani, kwa kuwa ngozi yake ni ya vinundu, huota majani ya bahari kama mwamba wenyewe, na hulala kimya baina ya mawe au amejifukia nusu mchangani akingoja kisamaki kipite mbele ya mdomo wake.

Samaki huyu hamshambulii mtu. Kwa kawaida ana miiba 13 mgongoni, na kila mwiba una vifuko viwili vya sumu. Uzito wa mguu unaokanyaga ndio unaovibana vifuko hivyo na kuisukuma sumu ndani ya nyama. Pia hakimbii, na hapo ndipo wengi wanapojidanganya. Kuburuza miguu mchangani humfukuza samaki aitwaye taa, lakini samaki-jiwe hubaki palepale aliposikia kishindo. Kwa hiyo shika fimbo, pima nayo pale unapotaka kukanyaga, na usiweke mguu juu ya jiwe usilolijua ilhali mchanga mtupu uko kando yake.

Vaa viatu vilivyofunika mguu wote na vyenye soli nene na ngumu. Kandambili hazifai, maana mwiba huweza kupenya soli laini na ubavu wa mguu hubaki wazi. Hata soli nene hupunguza hatari tu, haiiondoi. Mikono nayo ilindwe: shimo la pweza lichokolewe kwa kijiti au chuma, jiwe lipinduliwe kwa fimbo, na fungu la mwani lililokaa chini lisiinuliwe kabla ya kutikiswa. Ukimkuta samaki huyu katika kidimbwi kilichokauka, usimdhanie amekufa, kwani huweza kuishi saa nyingi nje ya maji.

Jambo ninalolitilia mkazo kuliko yote hufanywa nyumbani kabla ya kutoka: beba chupa ya chai iliyojaa maji ya moto na beseni dogo, au hakikisha kuna nyumba jirani yenye jiko. Sumu ya samaki-jiwe ni ya protini, na joto huiharibu. Ndiyo maana maji ya moto hutuliza maumivu ambayo vidonge vya kawaida haviwezi kuyatuliza.

Mtu akichomwa, atolewe kwanza majini, maana maumivu huanza papo hapo na huweza kuwa makali kiasi cha kumfanya azirai na kuzama. Asiachwe peke yake. Osha jeraha, toa vipande vya miiba vinavyoonekana, kisha tumbukiza mguu au mkono katika maji ya moto ya takriban nyuzi 45. Maji hayo apime mtu mwingine kwa kiwiko au mkono wake mwenyewe, kwa sababu aliyechomwa, kwa wingi wa maumivu, huenda asitambue kwamba ngozi yake inaungua. Yakianza kupoa, ongeza ya moto baada ya kuutoa mguu kwanza, na uendelee hivyo kwa dakika 30 hadi 90. Maumivu yakirudi, rudia.

Usichanje jeraha, usilifyonze, usifunge kamba juu yake, wala usiweke barafu. Kila kijiji kina mzee mwenye dawa yake, na heshima yake ibaki palepale, lakini majani na mkojo havifanyi kazi ya joto.

Aliyechomwa na samaki-jiwe apelekwe hospitali hata akipata nafuu, kwa kuwa kipande cha mwiba huweza kubaki ndani, jeraha huweza kuoza, na kinga ya pepopunda huhitajika. Akipumua kwa shida, akilegea mwili, akitapika au mapigo ya moyo yakivurugika, safari ianze mara moja na maji ya moto yaendelee njiani ikiwezekana. Dawa mahususi ya kupinga sumu hii hutengenezwa Australia, kwa hiyo usichelewe kwa kuitegemea.

Wavuvi wanaompata wavuni wamtoe kwa koleo, wala si kwa mkono, hata akiwa amekufa, kwani sumu hubaki na nguvu kwa muda. Miiba yake ikatwe na kufukiwa mbali na njia ya watoto wanaocheza ufukweni.