Dughulushi: chukua jani, shina liache mwambani

Mtu wa bustani ya miche mkoani Tanga akisikia kwamba dughulushi, mmea mdogo wa maua ya zambarau uitwao kwa Kiingereza African violet, huuzwa kwenye vyungu Ulaya, hamu ya kwanza ni kupanda mwambani akang'oe. Asifanye hivyo. Mmea huu umejishika kwenye nyufa za mawe ya chokaa, kama kule Amboni, na kwenye miamba ya misitu ya Usambara, penye udongo mchache na kivuli cha miti. Uking'olewa na kuletwa kwenye jua la uani, haudumu. Wala hakuna haja: jani moja linatosha. Mwaka 1892 Baron Walter von Saint Paul-Illaire, afisa wa ukoloni wa Kijerumani, aliupeleka Ujerumani kutoka huku huku, na huko wakauzalisha wenyewe.

Anza na jani la mmea uliokwisha kuzoea chungu. La mwituni lataka ruhusa ya wenye msitu. Usichague jani kuukuu la nje wala changa la katikati, chukua lililo kati ya hayo. Kata kikonyo kwa wembe safi, ukibakize kama sentimita 3, ukichomeke kimshazari kwenye mchanga uliochanganywa na vumbi la makumbi ya nazi. Hapa wengi wa pwani hukosea: makumbi yaliyolowekwa baharini yana chumvi. Yaoshe kwa maji ya kisima yasiyo na chumvi mara kadhaa kabla ya kuyatumia.

Funika kwa nailoni angavu, weka kivulini penye mwanga. Mizizi hutoka baada ya wiki 3 hadi 4; vichipukizi huchelewa zaidi, basi usifukuefukue kuchungulia. Vikifikia theluthi ya jani mama, vitenganishe, kila kimoja chungu chake kidogo. Chungu kikubwa hubaki na unyevu, moyo wa mmea ukaoza.

Maji yapite chini: weka chungu kwenye sahani kwa nusu saa, kisha mwaga yaliyobaki. Majani yana manyoya, na maji yaliyo baridi kuliko jani huacha madoa yasiyofutika. Vidung'ata, wadudu wadogo wafyonzao utomvu, ukiviona, vifute kwa pamba yenye spiriti.

Miche ya rangi mchanganyiko kutoka dukani iuze tu, usiirudishe msituni. Ikichavushana na ya asili, mbegu za mwambani zitabeba damu ya chotara, na hakuna atakayeweza kuzichambua tena.